Jeneza la Yago

Bathsheba alipofika kwa wakwe zake, kule Ndhiwa, kitu cha kwanza alichokiona ni hema. Si turubai la kuazima kanisani, la hasha. Hema jeupe lenye madirisha ya plastiki, lile wanalokodi wanasiasa wakiwaoza binti zao. Viti chini yake vilikuwa vimevishwa vitambaa. Nyuma ya jiko ng'ombe dume alifungwa mtini, mnene, ametulia, hana habari na mtu. Bathsheba akasimama langoni na bintiye Sheila mkononi, akajiuliza kama amekosea boma. Mzee Obare, baba mkwe wake, hakuwa mtu wa kumiliki hata godoro la pili.

"Kampuni imetoa," akasema mama mkwe aliyekuja kumpokea mzigo. Huyu kanisani waliandika Metrine, lakini tangu ajifungue kifungua mimba wake hakuna aliyemwita hivyo. Alikuwa mama wa Duke, Min Duke, basi. "Kila kitu wametoa wao. Mpaka sanduku."

Kwa Bathsheba aliongea Kiswahili. Nyumbani ni Kijaluo kitupu, ila mkaza mwana huyu alikuwa Mkisii, na Kijaluo chake kilichechemea miaka yote hiyo. Kwa hiyo wawili hawa walizoea kukutana kwenye Kiswahili, kila mmoja akitoka kwake.

Jeneza lilikuwa sebuleni, refu la mtu mzima, limepakwa vanishi. Ndani yake, likiwa limevishwa koti ambalo Duke alilivaa siku ya harusi, lilikuwamo tunda la yago.

Yago ni tunda la kijivu, refu na zito, la mti ambao hata nyani hawausumbui sana. Mjaluo akipotelea ziwani au ugenini na maiti isipatikane, watu wake huzika tunda hilo badala yake, kwa heshima zote, na machozi yanayomwagika hapo ni machozi ya kweli. Ni desturi ya huruma, tusiicheke. Bathsheba aliisikia siku nyingi, ila hakuwahi kudhani ingevaa koti alilolipiga pasi yeye mwenyewe.

"Mzee," alimwambia baba mkwe baada ya kusalimiana, "mimi sijaona maiti."

"Hata mimi sijaona." Mzee Obare hakukasirika. "Lakini nimemwona usingizini. Anasimama pale kwa lango, mvua inamnyeshea. Namwita aingie, haingii. Mtoto wangu anakaa nje kama mbwa wa jirani, na mimi ndio mwenye boma. Wewe ungenishauri nini?"

Bathsheba aliona macho ya mzee yalivyoingia ndani.

Duke alikuwa mchimba dhahabu Masara, kule Migori, wa kushuka shimoni kwa kamba. Wakala akaja na maneno matamu: kuna nchi dhahabu inachimbwa kwa mashine, mshahara kwa dola. Wakala hakusema kwamba kanali mmoja amempindua rais wa nchi hiyo. Wala kwamba taifa moja kubwa limeleta askari wa kukodi wamlinde kanali, nao wanajilipa kwa migodi. Wala kwamba taifa jingine kubwa, kwa kununa, linawapelekea waasi silaha msituni. Duke akaenda na sururu yake, akapewa bunduki. Halafu lori lao likachomwa moto na waasi. Mosoti, waliyekwenda naye, alirudi anachechemea, akasema aliliona lori likiungua na akaokota kofia ya Duke kando ya barabara. Zaidi ya hapo hakujua, na hakujifanya anajua.

Mzee Obare alipokubali kwamba mwana hayupo tena, aliiomba kampuni iliyomwajiri, ile ya askari wa kukodi, msaada kidogo wa mazishi. Alitarajia wampe mchele. Wakamletea hema.

*

Asubuhi ya Ijumaa, siku ya mazishi, mjumbe wa kampuni alishafika. Kijana nadhifu, suti ya buluu, viatu vinavyong'aa hata kwenye vumbi la Ndhiwa. Aliitwa Orina. Alimsalimia kila mzee kwa mikono miwili, kisha akatoa kamera.

"Mama, karibia sanduku kidogo. Hapo. Mke wa marehemu, wewe kaa upande huu." Alipiga, akaangalia, akatikisa kichwa. "Mwanga mbaya. Turudie. Mama, shika leso hivi, kama unafuta machozi."

Min Duke alikuwa ametoka kulia kwa kweli muda mfupi uliopita. Akaishika leso kama alivyoambiwa. Bathsheba aliona aibu kwa niaba yake, akatazama chini. Mtu akikulisha ng'ombe mzima, unamwambiaje asikuelekeze namna ya kulia?

"Hizi picha ni za nini, baba?" akauliza Min Duke.

"Kumbukumbu tu, mama. Na tukifika kwa kaburi nitachukua zingine. Ile ya msalaba ndio muhimu."

Simu ya Bathsheba ikalia. Alikuwa Kultum, mwenye duka la simu kule Masara. Bathsheba huuza chapati kwenye kibaraza chake, na wakati biashara imelala hukaa wakisengenya ulimwengu mzima.

"Bathsheba, umekaa ama umesimama?"

"Nimesimama. Tunaenda kuzika, Kultum."

"Kaa. Nimekutumia video. Vijana wa mgodini wanazungusha kutoka asubuhi. Angalia yule wa mwisho, halafu usizimie huko kwa wakwe, unasikia?"

Alikwenda nyuma ya choo, mahali pekee pasipokuwa na mgeni. Kioo cha simu kilikuwa na ufa, lakini ufa haukumzuia kuona. Wanaume walikaa mchangani, nyuma yao waasi wamejifunga vitambaa usoni, mmoja anafoka kwa Kifaransa. Kamera ikapita polepole. Wa mwisho alikuwa mwembamba, ndevu zimemjaa. Akainua uso, akataja jina lake na nchi yake, akasema kwa Kiswahili kwamba yeye alikuja kuchimba dhahabu tu.

Ilikuwa sauti ya Duke. Bathsheba alikaa chini pale pale kwenye nyasi, na hakujali.

Alipopata nguvu hakwenda kwa mzee. Alimtafuta Min Duke jikoni, akamvuta mkono, akamwonyesha. Min Duke akachukua simu. Alirudisha mwanzo, akatazama tena, na kidole chake kikagusa mkono wa kushoto wa mwanawe pale kwenye kioo. Kutoka kiwiko mpaka kiganjani ngozi ilikuwa imejikunja, inang'aa.

"Hili ni kovu la moto," akasema. "Limekauka kabisa. Mtu akichomeka akafa, hapati kovu."

"Sasa tumwambie mzee."

"Ngoja kwanza." Min Duke alijifuta uso kwa kanga, akaketi juu ya kigoda. "Ngoja nifurahi kidogo. Wakianza kuongea wao, sitapata nafasi."

*

Bathsheba alitoka kumtafuta mzee. Alipokuwa anazunguka hema alimsikia Orina upande wa pili wa kitambaa, anaongea na simu, na anaongea Kikisii. Si ajabu. Katika boma la Wajaluo, mtu mwenye siri na lugha nyingine anaona amejifungia chumbani. Hakuna aliyemwambia kwamba mjane alizaliwa Nyamira, kwa Wakisii.

"Leo kabla jua halijazama, bosi," alikuwa anasema. "Hapana, hawajui lolote. Jumatatu wakikaa kubadilishana wafungwa, mtakuwa na picha ya kaburi mezani. Huyu atoke kwa hesabu. Ndiyo. Hatuwezi kumwachia mtu wao mkubwa hivyo kwa sababu ya mchimba mashimo wa Migori. Familia yake wenyewe wamemzika, nani atabisha?"

Bathsheba alisubiri amalize. Kisha akapita kwenye pembe ya hema, akasimama mbele yake, akamwambia kwa Kikisii kile kile, taratibu:

"Kwenu mnazika watu wazima hai, ndugu yangu? Kwenu ni wapi, nipajue?"

Orina akaishusha simu. Suti ikawa ghafla kubwa kwake.

"Dada, sikujua wewe ni wa kwetu."

"Ungejua ungetumia Kiingereza."

"Nisikilize. Mimi ni mtu wa kutumwa. Haya mambo ni ya nchi kubwa, yanatushinda mimi na wewe. Wapiganapo ndovu—"

"Nyasi nazijua," akasema Bathsheba. "Mume wangu ana jina."

*

Wazee walikusanywa sebuleni, jeneza likiwa katikati yao kama mgeni wa heshima. Bathsheba alionyesha video, akaeleza aliyoyasikia. Mosoti, aliyekuja kwa mazishi na fimbo yake, akaitazama video akaanza kulia bila kujificha. "Ni yeye," akasema. "Mzee, ni yeye. Mimi nilileta kofia tu. Mimi sikusema nimeona mwili."

Orina naye alisema yake, na hebu tuseme ukweli, aliisema vizuri. Video inaweza kuwa ya zamani. Waasi ni waongo. Kampuni imegharamia kila kitu kwa nia njema. Na hata Duke akirudi siku moja, Mungu ni mwema, tunda litafukuliwa na watu watacheka.

"Hatufukui," akasema Mzee Odingo. Huyu alikuwa kaka mkubwa wa Mzee Obare, na mambo ya desturi katika boma lile yalikuwa yake. "Na pia haturudishi. Hapo ndipo mlipotuingiza. Yago limechumwa kwa kilio, limevishwa nguo, limelala ndani ya nyumba. Watu wameshalia. Kifo kimeitwa hapa, na hakiwezi kuambiwa rudi tumekosea. Likitupwa, litachagua mtu lenyewe."

Nje wageni walikuwa wanauliza mbona mambo yanachelewa. Ng'ombe alishachinjwa alfajiri, na harufu ya nyama ilikuwa imefika mpaka barabarani, ikawaleta hata wasiomjua Duke. Mzee Obare alishika kichwa. Akimzika mwanawe, anamuua. Asipozika, anaiweka nyumba yake hatarini, tena mbele ya kijiji kizima kilichokuja kula. Alimtazama Bathsheba kama mtu anayeomba asamehewe kabla hajakosa.

"Labda tuzike," akasema kwa sauti ndogo, "halafu tuombe Mungu."

"Duke akizikwa leo, Jumatatu hana mwenyewe," akasema Bathsheba. "Serikali watasema ni maiti. Kampuni watasema ni maiti. Wale waasi watamweka wa nini, mfungwa asiye na mtu? Baba, ukiweka jina lake kwa ule msalaba, ndio umepiga risasi."

Hakuwahi kumsemesha baba mkwe hivyo tangu aolewe.

Min Duke alikuwa amekaa sakafuni karibu na mlango, mahali wanapokaa wanawake wakiitwa kusikiliza. Akakohoa.

"Odingo, shemeji yangu. Yago linataka nini hasa? Linataka Duke, ama linataka mtu wa hii boma?"

"Linataka mtu," akasema Mzee Odingo baada ya kufikiri. "Mtu wa hapa."

"Basi mimi ni wa hapa. Andikeni Min Duke."

Mzee Obare akainua kichwa. "Wewe mwanamke una wazimu? Mtu mzima hai hazikwi."

"Ndio hilo neno," akasema mkewe. "Toka asubuhi nilikuwa nangojea mtu alitamke."

Mzee Odingo akamtahadharisha kama inavyopasa: aliyezikwa kwenye boma hali tena chungu cha boma hilo, halali humo, haitwi humo. Atakuwa amekwenda. Min Duke akasema amesikia. Chungu chenyewe kilikuwa na ufa, na mgongo wake ulishachoka na kile kitanda.

"Mimi nitakwenda Masara na huyu," akasema, akimwonyesha Bathsheba kwa kidevu. "Nimeishi, nimezaa, nimekula samaki wa ziwa, mbuta na ngege. Duke hata kuishi hajaanza. Mwondoeni mwanangu koti, atalihitaji."

Bathsheba alitaka kukataa. Alitaka kusema hapana, mama, basi nizikwe mimi. Lakini ukweli ni kwamba ndani yake alishukuru kabla hajajua anashukuru, akajichukia kidogo kwa hilo. Alipiga magoti, akafungua vifungo vya koti kimoja kimoja. Min Duke akavua kanga yake ya begani, akalifunika tunda.

*

Orina aliita vijana wake. Hawakungoja. Watu wakiwa wamekaa, kamba zikafunguliwa, hema likashushwa chini, vitambaa vikavuliwa vitini na baadaye viti vyenyewe vikaombwa kwa adabu: samahani mama, inuka kidogo. Spika zilizimwa katikati ya wimbo, na kwaya ikamaliza ubeti kwa midomo mitupu. Wageni wakakaa juani, kwenye nyasi na kwenye magogo ya jikoni. Bibi mmoja wa kanisani alibaki amesimama na sahani yake, hajui aiweke wapi.

Jeneza tu hawakuthubutu kulidai.

Walizika saa ya kivuli kirefu. Fundi alipaka rangi juu ya jina la Duke pale msalabani, akaandika Min Duke, rangi ikiwa mbichi bado. Mchungaji alikataa kuomba, halafu akakubali kuomba kidogo, macho wazi. Marehemu mwenyewe alisimama kwenye mstari wa mbele, akaimba, akatupa konzi ya udongo. Kisha akaenda kuchukua sahani.

"Mama," akanong'ona Bathsheba, "unakula?"

"Hii ni nyama ya matanga yangu. Nisipokula mimi, nani ana haki zaidi?"

Gari la kampuni liliwashwa. Orina alishuka tena, akasimama langoni, akapiga picha moja ya haraka ya kaburi kutoka pale pale mbali, shada na msalaba na watu wameinamisha vichwa. Mtu wa kutumwa lazima arudi na kitu. Kisha akaondoka bila kuaga.

Kabla giza halijaingia Min Duke alikuwa na furushi lake. Mzee Obare alimsindikiza mpaka langoni, wakasimama hapo kama vijana wasiojua kuagana.

"Sasa mimi ni mjane," akasema mzee.

"Pole sana. Ukioa, mwambie asiguse sufuria yangu kubwa."

Mzee alijaribu kucheka. Badala yake akashika lango kwa mikono miwili, akasimama hivyo mpaka wakapotea kwenye kona.

*

Jumatatu ikapita, na nyingine, na nyingine. Redio ilisema wafungwa wamebadilishwa katika nchi ile. Mataifa makubwa mawili yalipongezana. Majina hayakutajwa. Bathsheba alizunguka maofisi mpaka visigino vikaisha. Ofisi moja ilisema Duke hakuaga alipoondoka. Nyingine ilisema mtu wa hivyo anaitwa mamluki, na mamluki hana kwao. Ubalozini hawakufungua mlango, waliongea kupitia kidude ukutani. Akarudi kwenye chapati zake.

Min Duke alifungua meza ya omena, dagaa wa ziwani, kando yake, kwenye kibaraza cha Kultum. Habari zilikuwa zimemtangulia, na Masara si mahali pa kuficha jambo. Wachimbaji wakipanda kutoka shimoni, wekundu kwa udongo, walimwamkia, "Marehemu, nipimie ya hamsini."

"Marehemu hakopeshi," naye alijibu. "Leta pesa kwanza."

Lakini jioni, wakifunga, aliuliza kila siku kwa sauti ile ile isiyo na haraka, "Hajapiga?" Na Bathsheba alisema, "Bado, mama." Kuna siku Bathsheba aliona afadhali angemjibu uongo. Alijiuliza kama wamemtoa mama huyu nyumbani kwake bure, na hakumwambia mtu.

Simu ililia siku ya soko, namba ndefu isiyo ya hapa. Mikono yake ilikuwa imejaa unga, Kultum akamwekea sikioni.

"Bathsheba."

Akakaa juu ya ndoo ya maji, mfuniko ukapasuka.

"Wamenipa dakika chache tu, usilie, nisikilize," ikasema sauti ya Duke. "Siku ile ya kubadilishana jina langu lilikatwa. Kampuni walisema nimekufa, nyumbani mmeshanizika, wakaleta picha. Hawa wakanipiga wakasema mimi ni nani basi. Halafu mmoja wao akaivuta ile picha ikawa kubwa, akaniambia soma huo msalaba. Nikasoma, nikawaeleza maana yake. Wakaona si jina langu, wakaona kampuni ni waongo. Sasa wameniandika upya, mwezi ujao nitakuwa kwa hesabu." Palikuwa na upepo kule, na mtu anayemharakisha. Aliporudi, sauti ilikuwa ya mtoto. "Bathsheba, niambie ukweli. Mama alikufa lini?"

Bathsheba alitazama. Hatua chache kutoka pale mama mkwe alikuwa amechuchumaa juu ya omena zake, ananyang'anyana mkebe na mchimbaji mmoja aliyetaka nyongeza.

"Ile Ijumaa ya picha," akasema, machozi yanamchuruzika mpaka kwenye unga. "Ngoja nikupe mwenyewe akueleze."